Pwani Mbili: Waafrika wa Magharibi Ugenini Maniema

Katika Kiswahili cha Maniema ya karne ya kumi na tisa, neno "pwani" halikuhitaji kufafanuliwa. Mtu wa pwani alitoka mashariki. Alianza safari yake Bagamoyo au Unguja, akapita Tabora na Ujiji, akavuka Ziwa Tanganyika, kisha akafika Kasongo au Nyangwe akiwa na bunduki, nguo na lugha yake. Lakini tangu miaka ya 1880 watu wa pwani nyingine walianza kuingia katika nchi hiyohiyo kutoka upande wa machweo. Hao walikuwa askari, makarani na mafundi waliochukuliwa Lagos, Accra, Elmina na Sierra Leone. Waliokuwa wakisema Kiingereza katika miji ya Kongo ya chini waliwapa jina ambalo, likifasiriwa, maana yake ni "watu wa pwani" tu. Hivyo Maniema ikawa mahali ambapo pwani mbili za Afrika zilikutana ndani kabisa ya bara, kila moja ikiwa mbali na bahari yake kwa safari ya miezi.

Obokote, katika sehemu ya Lubutu kaskazini mwa mkoa ambao makao yake makuu ni Kindu, ni mahali pazuri pa kuyatazamia mambo haya. Kutoka hapo barabara moja yaelekea Kisangani, yaani kwenye mto na Kilingala na safari ya kwenda Atlantiki. Nyingine yaelekea Bukavu na maziwa, na njia ya kusini yarudi Punia na Kindu. Wakumu, wenyeji wa msitu huo, waliwaona watu wa Tippu Tip wakipita kutafuta pembe, na baadaye wakaiona serikali iliyowafukuza watu hao. Habari za wageni wa mashariki zimeandikwa sana, na wasomi wa Kiswahili wanazijua. Za wageni wa magharibi hazitajwi ila kwa neno moja katika vitabu vya vita: "Wahausa". Makala haya yanadai kwamba neno hilo lenyewe ndilo mlango wa kuuelewa ugeni wao, kwa kuwa lilificha mambo mengi kuliko lililoyasema.

Wengi wa walioitwa Wahausa hawakutoka Hausa moja kwa moja. Katika miaka ya 1860 Mwingereza John Glover aliunda huko Lagos kikosi cha askari ambacho kiini chake kilikuwa watumwa waliotoroka kutoka bara na kukimbilia mjini. Baadhi walikuwa Wahausa kwa kuzaliwa. Wengine walikuwa Wanupe, Wayoruba au watu wa makabila mengine waliojifunza Kihausa utumwani au njiani. Jina la kabila likageuka kuwa jina la kazi. Serikali ya Leopold wa Pili ilipohitaji askari kwa ajili ya Dola Huru ya Kongo, iliyotangazwa mwaka 1885, ilikwenda kuwatafuta Lagos na katika bandari za jirani, na kila aliyepanda meli akiwa na mkataba mkononi akawa "Mhausa". Walioandikishwa Elmina walikuwa na desturi ya kale zaidi ya kuuza utumishi wa bunduki ng'ambo: kati ya miaka ya 1830 na 1872 Waholanzi walikuwa wamewachukua vijana wa pwani hiyo hadi Java.

Msomaji wa Kiswahili hawezi kukosa kuona mfano wa karibu. Waliokuja Maniema kutoka mashariki walijiita Waungwana, na wengi wao walikuwa watumwa wa jana au watoto wa watumwa. Nao jina lao lilikuwa jina la hali na kazi, lililovaliwa safarini kama kanzu mpya, na kutokana nalo lugha ya nchi ikaitwa Kingwana. Basi pande zote mbili za vita vilivyofuata zilijaa watu waliopata jina la heshima kwa kuondoka kwao. Maelezo ya kawaida ya vita hivyo, yanayopanga "Waarabu wafanyabiashara ya watumwa" upande mmoja na "jeshi la ukombozi" upande wa pili, hayana nafasi ya kuliona jambo hili.

Mgongano wa kwanza mkubwa ulitokea mwezi Agosti 1886 kwenye kituo cha Stanley Falls, karibu na Kisangani ya leo. Kituo kilikuwa chini ya Mwingereza Walter Deane, pamoja na Luteni Dubois, na ulinzi wake ulikuwa wa Wahausa na Wabangala. Mwanamke mtumwa alimtoroka bwana wake Mwarabu akakimbilia kituoni. Deane akakataa kumrudisha. Watu wa Tippu Tip, ambaye mwenyewe alikuwa amekwenda Unguja, wakakishambulia kituo. Risasi zilipokaribia kwisha, sehemu kubwa ya askari walishuka mto usiku kwa mitumbwi. Deane na Dubois wakakichoma kituo na kukimbia, na Dubois akafa maji. Wazungu wa wakati ule waliandika habari za ushujaa wa Deane na kasoro ya askari wake. Hawakujiuliza ni nini kilichowapitia moyoni watu waliochukuliwa kutoka mji ambao kikosi chake kilianzishwa kwa watoro, walipoona kwamba vita vimewashwa kwa ajili ya mtoro mmoja. Wala hawakujiuliza kama mtu aliyesaini mkataba wa miaka michache Lagos alidhani mkataba huo ulimtaka afe kwenye maporomoko ya maji ambayo jina lake hakuwahi kulisikia.

Mwaka uliofuata, kwa makubaliano yaliyofanyika Unguja mwezi Februari 1887, Tippu Tip alifanywa liwali wa Stanley Falls kwa niaba ya serikali ileile. Aliirudia nchi yake kwa njia ya ajabu: kwa meli kupitia kusini mwa Afrika hadi mdomo wa mto Kongo, akifuatana na Stanley na mamia ya Waunguja. Kwa hiyo mtu wa pwani ya mashariki aliingia Kongo kupitia pwani ya magharibi, akapanda njia ileile waliyoipanda Wahausa. Amani hiyo haikudumu miaka sita.

Vita vya 1892 hadi 1894 ndivyo vilivyowaingiza Waafrika wa magharibi Maniema kwa wingi. Jeshi la Francis Dhanis liliondoka Lusambo likiwa na Wahausa na watu wa Elmina kati ya askari wake wa kawaida, na nyuma yao maelfu ya wapiganaji wa Gongo Lutete, aliyemwacha Sefu, mwana wa Tippu Tip, akajiunga na Wabelgiji. Nyangwe ilitekwa mwezi Machi 1893 na Kasongo tarehe 22 Aprili. Daktari wa jeshi hilo, Sidney Hinde, aliacha kitabu kilichochapishwa mwaka 1897, na ndani yake mshangao wa askari wanaoingia Kasongo unaonekana wazi: vitanda vya kuchongwa vyenye vyandarua, magodoro ya hariri, sukari, mishumaa, vikombe vya fedha, michungwa na mipera bustanini. Jeshi lilikuwa limetembea miezi mingi likila kwa shida. Hinde anauandika mshangao huo kama wa watu wote pamoja. Lakini ni lazima utofautishwe. Kwa mpiganaji wa Gongo Lutete, Kasongo ilikuwa mji wa mabwana wa zamani. Kwa Mzungu, ilikuwa anasa isiyotazamiwa msituni. Kwa mtu wa Lagos au wa nchi za Kihausa, mji wenye misikiti, nyumba za udongo zenye nyua, soko kubwa, kanzu na vilemba haukuwa mgeni hata kidogo. Baada ya safari ndefu katika nchi asiyoielewa, alifika mahali palipofanana na kwao, naye amekuja kupabomoa.

Nyangwe nayo iliteketea. Baada ya kutekwa kulizuka mapigano ndani ya mji, kisha ndui na homa ya mafua vikafuata. Hinde alikisia kwamba mji wa watu wapatao 30,000 ulipunguzwa, katika majuma machache, ukawa nyumba moja kubwa yenye ngome na kambi ya askari kuizunguka.

Suala la dini ni gumu zaidi, na hapa yafaa kwenda polepole. Si kila "Mhausa" alikuwa Mwislamu, lakini wengi walikuwa. Waislamu wa Afrika ya Magharibi hufuata madhehebu ya Maliki; Waswahili wengi ni Shafii; mabwana wa Oman walikuwa Ibadhi. Mshafii husimama katika sala mikono ikiwa imekunjwa mbele ya mwili. Mmaliki kwa desturi huiacha mikono yake ubavuni, na ndivyo afanyavyo Mwibadhi pia. Basi askari wa Lagos aliyesali hadharani Kasongo angaliweza kudhaniwa na Muungwana kuwa anasali kama Mwarabu wa Oman, yaani kama tajiri mwenyewe aliyeshindwa, na si kama Mswahili wa kawaida. Jambo hili ni dogo, lakini ni katika mambo madogo ya namna hii kwamba mgeni hutambulikana. Dini iliyomfanya Mwafrika wa magharibi awe karibu na watu wa mji ndiyo iliyomfanya awe na mashaka machoni mwa maofisa wake, ambao vita vyao walikuwa wakivieleza Ulaya kama vita dhidi ya Uislamu wa wauza watumwa.

Katika chakula na fedha, ugeni wake haukuwa mkubwa kama inavyodhaniwa, na pengine ulikuwa mdogo kuliko ule wa mtu wa Unguja. Mwunguja alizoea nazi. Maniema hakuna nazi, kuna mawese. Mtu wa Sierra Leone au wa Lagos alikua akila mawese. Mtu wa Sierra Leone alijua kupika majani ya muhogo, hiyo sombe ambayo mtu wa Kindu hawezi kuishi bila hiyo, na mchele ambao Waungwana waliuleta na kuustawisha kando ya Lualaba ulikuwa chakula chake cha nyumbani. Aliyepata taabu ni yule wa bara la kaskazini ya Nigeria, aliyezoea mtama na uwele, nafaka za nchi kavu zisizopenda msitu wa mvua.

Na sokoni kulikuwa na simbi. Stanley alipofika Nyangwe mwaka 1876 aliandika bei za soko kwa simbi, zile kauri ndogo za Bahari ya Hindi. Simbi hizohizo ndizo zilizokuwa fedha ya Lagos na Ibadan, na katikati ya karne hiyo kampuni za Hamburg na Marseille zilikuwa zikizipakia melini kutoka pwani ya Afrika ya Mashariki na kuzipeleka Lagos kwa wingi kiasi cha kuziangusha thamani. Kwa hiyo biashara ya Waswahili ilikuwa imefika kwao Wahausa kabla Wahausa hawajafika kwa Waswahili. Serikali ya Kongo ilileta fedha yake nyingine, mitako, vipande vya waya wa shaba nyeupe. Hiyo ndiyo iliyokuwa ngeni kwa wote wawili.

Kilichobaki kigeni kwelikweli kilikuwa lugha. Jeshini amri zilitolewa kwa Kifaransa na kwa lugha ya mto, mama wa Kilingala. Nje ya kambi, kuanzia Nyangwe hadi Stanley Falls, kila kitu kilinunuliwa, kuombwa na kuapiwa kwa Kingwana. Mwafrika wa magharibi aliyetaka kuishi kama mtu na si kama bunduki alilazimika kujifunza lugha ya adui aliyemshinda. Mara nyingi alijifunza nyumbani. Wanawake waliotekwa vitani waligawiwa askari, tendo ambalo serikali iliyojisifu kwa kukomesha utumwa haikupenda kulieleza kwa jina lake, na mwanamke wa Maniema hakuwa na sababu ya kujifunza Kihausa. Mkataba ulipokwisha, mume aliteremka mto kurudi Boma. Mama na mtoto walibaki, na mtoto akakua akisema Kiswahili. Ndiyo maana Accra na Kumasi zina mitaa ya wageni wa Kihausa iitwayo zongo, iliyojengwa na wafanyabiashara waliokuja na jamaa zao kwa hiari, hali askari wa Maniema waliingia katika koo za wake zao na kupotea humo.

Boma, mji mkuu wa dola ile, ndiko kila aliyeandikishwa Lagos alikoshukia, na huko yuko mtu mmoja ambaye maisha yake yanajulikana vya kutosha kuonyesha upande wa pili wa ugeni huu, yaani ugeni wa aliyefanikiwa. Hezekiah Andrew Shanu alizaliwa mwaka 1858 huko Otta, karibu na Lagos, akawa mwalimu, na mwaka 1884 akaja Kongo. Miongoni mwa kazi zake za kwanza ilikuwa kuandikisha askari na wafanyakazi kutoka nchi yake. Akawa karani na mfasiri wa Kifaransa na Kiingereza katika ofisi ya gavana. Alimleta mke wake kutoka Lagos. Alipiga picha ambazo zilichapishwa Ubelgiji. Mwaka 1893, mwaka uleule wa kuanguka kwa Kasongo, aliacha kazi ya serikali akafungua duka na biashara nyingine Boma na Matadi. Mwaka 1894 alitembelea Ubelgiji. Askari walipoasi Boma mwaka 1900, aliisaidia serikali pamoja na watu wa pwani ya magharibi, akasifiwa kwa uaminifu wake.

Sifa hiyo ilidumu kadiri alivyonyamaza. Tangu mwaka 1903 Shanu alianza kupeleka habari Uingereza, kwanza juu ya mateso ya wafanyakazi kutoka Afrika ya Magharibi, kisha nyaraka za kesi ya wakala wa kampuni ya mpira ambazo zilimfaa sana E. D. Morel katika kampeni yake dhidi ya utawala wa Leopold. Serikali ikagundua. Watumishi wake wakakatazwa kununua kwake, na katika mji ambao karibu kila mteja alikuwa mtumishi wa serikali, amri hiyo ilikuwa hukumu. Mwezi Julai 1905 Shanu alijiua. Miaka 20 ya kuishi Kongo, nishani na nyumba nzuri havikumtoa katika hali ya mgeni anayevumiliwa. Na huenda lililomtesa zaidi ni kwamba baadhi ya wale aliowatetea aliwaleta yeye mwenyewe.

Wakati huo mlango wa Lagos ulikuwa umekwisha fungwa. Malalamiko ya waliorudi, au ya jamaa za wasiorudi, yaliifanya serikali ya Uingereza mwaka 1896 ikataze uandikishaji wa watu kwa ajili ya Kongo katika makoloni yake ya Afrika ya Magharibi. Reli ya Matadi hadi Léopoldville, iliyojengwa kati ya 1890 na 1898 na ambayo vibarua wake wa mwanzo wengi walitoka pwani hiyo na Unguja, iliua kwa hesabu rasmi watu wasio Wazungu 1,800. Hesabu rasmi, yafaa kukumbuka, iliandikwa na wale waliokuwa na sababu ya kuipunguza.

Baada ya hapo watu wa magharibi walikuja Kongo kwa njia nyingine: makarani na wafanyabiashara wa Léopoldville, ambao muziki na mavazi yao viliigwa na vijana wa mji huo katika miaka ya 1930. Reli ya Maziwa Makuu ilipoanzia Kindu kuelekea Kongolo kabla ya Vita Kuu ya kwanza, Maniema ilifungamana na safari hiyo ya mto na reli, na mtu aliweza kutoka Atlantiki hadi Lualaba bila kubebewa mzigo na hamali.

Uhuru wa 1960 ulileta tena askari, safari hii wenye kofia za buluu za Umoja wa Mataifa. Kikosi cha tano cha Nigeria, kikiongozwa na Johnson Aguiyi-Ironsi, kilipelekwa Kivu, mkoa ambao wakati huo uliijumuisha Maniema. Ilitarajiwa kwamba Mwafrika atapokelewa kama ndugu kuliko Mzungu. Mambo hayakuwa hivyo kila mahali. Mwezi Aprili 1961 makumi ya askari wa Ghana waliuawa Port-Francqui, na wauaji hawakuwaona kama ndugu bali kama jeshi la kigeni. Mwezi Novemba mwaka huo Kindu yenyewe iliua wanahewa 13 wa Kiitalia wa Umoja wa Mataifa, waliodhaniwa kuwa Wabelgiji wa upande wa Tshombe. Tendo la Kindu halihusu watu wa magharibi, lakini linaonyesha hatari ya zama hizo: uhai wa mgeni ulitegemea jina alilopewa na waliomwona kwanza.

Jina la zama zilizofuata lilikuwa "Senegali". Kama "Hausa" la zamani, lilimfunika Mmali, Mguinea na Msenegali bila kubagua. Na kama lile la zamani, lilikuwa jina la kazi, maana lilimaanisha mnunuzi wa almasi. Mwaka 1971 serikali ya Mobutu iliwafukuza kwa wingi Waafrika wa Magharibi, ikiwatuhumu kwa magendo ya almasi. Ghana ilikuwa imewafukuza wageni wake mwishoni mwa 1969, na Nigeria ingefanya hivyo mwaka 1983, kwa hiyo Zaire haikubuni jambo jipya. Tofauti yake ilikuwa hii: nchi iliyoundwa kwa bunduki zilizobebwa na watu wa Lagos na Elmina haikuwa na kumbukumbu yoyote ya watu hao pindi ilipowatoa wenzao.

Miaka 11 baadaye, sheria ya Novemba 1982 ilifungulia wananchi uchimbaji mdogo wa dhahabu na almasi. Vijana wa Lubutu, Punia na Obokote waliingia mitoni na makarai, na Kisangani ikajaa ofisi za wanunuzi, Walebanoni na watu wa Afrika ya Magharibi, baadhi yao wakirudi katika nchi iliyowafukuza. Mchimbaji alishuka barabara ya Kisangani na jiwe lake limefungwa kitambaani. Upande wa pili wa meza aliketi mtu wa Mali au Guinea, mizani mbele yake, tasbihi kando, akijadili bei kwa Kiswahili chenye lafudhi ya mbali, na mchimbaji akimwita Senegali.